Walimwambia Mjukuu Wangu Niko Maskati

Mimi ni mwanamke wa miaka sitini na minane, mzaliwa wa Pemba, mkaazi wa Madungu hapa Chake Chake. Skuli niliishia darasa la tatu, lakini Kurani nimehitimu na kusoma najua. Mume wangu alikufa zamani. Mwanangu wa pekee, Zuwena, alikufa siku aliyojifungua, akaniachia kitoto cha kike, Nasra. Nilimkata kitovu mwenyewe, nikamlea mwenyewe.

Nakwambieni hayo mjue mtu anayesema nanyi ni nani. Mimi si mhuni. Mimi si mwizi. Lakini nimekaa jela miaka kumi na moja... na jela hiyo haikuwa yangu!

Madungu nzima ilikuwa ikinijua kwa kitu kimoja, amana. Mwanamke akisafiri, dhahabu yake analeta kwangu. Mtu ana nguo za harusi hataki mawifi wazione, analeta kwangu. Naweka uvunguni mwa kitanda, nasahau. Sifungui, siulizi. Huo ndio ulikuwa ufahari wangu. Wengine wanajisifu kwa mashamba ya karafuu, mimi nikijisifu kwa mafundo ambayo sikuyafungua!

Basi siku moja akaja Hamad. Hamad ni mtoto wa mdogo wangu, Riziki, anayekaa Wete. Mtoto wa mdogo wangu ni mwanangu, ndivyo tulivyolelewa sisi. Alikuja na begi limetiwa kufuli.

"Mama mkubwa, niwekee amana hii mpaka Jumamosi."

"Weka uvunguni mwanangu, unajua njia."

Nikampa chai, akanywa, akamtania Nasra kuwa kang'oka meno kama bi kizee, akaenda zake. Nasra wakati huo alikuwa na miaka sita.

Jumamosi haikufika. Asubuhi nachoma vitumbua, nikaona askari wanaingia uani pamoja na sheha wetu, kiongozi wa mtaa. Sheha mwenyewe alikuwa hana uso wa kunitazama. Walikwenda moja kwa moja uvunguni, kama waliowahi kulala pale. Kufuli likavunjwa mbele yangu. Ndani mlikuwa na nguo kuukuu, na chini ya nguo... unga! Si unga wa vitumbua. Ule unga unaoua watoto wa watu.

"Bi Mize, mzigo wa nani huu?"

Nilitaka kusema. Wallahi nilitaka kusema! Lakini nilimwona Riziki mbele ya macho yangu. Nikasema tu kuwa ni amana ya mtu. Mtu gani? Nikanyamaza.

Riziki alikuja kituoni siku ya pili, akanipigia magoti mbele ya askari, akalia mpaka ushungi ukamvuka. Akaniambia Hamad ni mwanawe wa pekee, akifungwa, yeye mama mtu atakufa. Akaniambia mimi mtu mzima, sijawahi kushitakiwa hata kwa ugomvi wa kisima, jaji gani atakuwa na moyo wa kunifunga? "Nionee muhali dada yangu. Nasra nitamlea mimi. Kila wiki nitamleta umwone."

Nyinyi mnaotoka kwengine huenda hamulijui neno hili, muhali. Kwetu sisi ni ile haya ya kumkatalia mtu wako, ya kumtia mtu wako matatani kwa mdomo wako. Kwa muhali mtu hudhulumiwa shamba akanyamaza. Kwa muhali shahidi huona kwa macho mawili na mahakamani akasema hakuona. Nami nikamwonea muhali mdogo wangu, na ufahari wangu wa amana ukanisukuma kwa nyuma. Bi Mize amtaje mwenye amana? Bi Mize?

Wakili aliniambia, "Bi mkubwa, mtaje mwenyewe, utaokoka." Nikamwambia simjui. Jaji naye akaniuliza, nikamjibu hivyohivyo. Uvungu wangu, nyumba yangu, mdomo wangu umefungwa. Alifanyeje jaji wa watu? Alinipa miaka kumi na tano.

Nilipogeuka kumtafuta Hamad ndani ya mahakama, hakuwemo. Alikuwepo Riziki tu, amemshika Nasra mkono. Nasra alikuwa anakula andazi. Hakujua kitu.

Jela siku hizi wenyewe wanaiita chuo, Chuo cha Mafunzo. Mie skuli ilinishinda nikiwa mdogo, nikapata chuo uzeeni! Nilipomwambia afande wa zamu maneno hayo siku ya kwanza alicheka, nami nikacheka, halafu nikaingia chooni nikalia.

Wengi mnadhani jela ni kipigo. Mimi sikupigwa hata kofi. Maafande wa kike walikuwa wakiniita bi mkubwa, na mmoja nilimfundisha kupika mkate wa kumimina kwa maneno matupu, akaenda kuupika kwake. Kifungo kirefu hakiumizi kwa kipigo. Kinaumiza kwa kufanana! Jumatatu ni sawa na Alhamisi. Unahesabiwa, unakunywa uji, unapalilia mchicha, unasuka ukili, unakula, unahesabiwa tena, na jua bado liko juu mnafungiwa. Ukili nilisuka mpaka vidole vikawa vinasuka peke yake nikiwa nimelala. Mikeka ya ukili wangu sijui imetandikwa majumba gani. Watu wanaswali juu yake, wanazaa juu yake... nami hawanijui.

Na mnajua jambo gani zaidi? Wanawake wa Pemba hatufungwi kwa wingi. Upande wa wanaume kumejaa, upande wetu tuko wawili, watatu. Wanaoingia ni wa miezi miwili, mitatu, kwa ugomvi na wivu na vitu vya dukani. Wanalia wiki ya kwanza, wiki ya pili wanazoea, ya tatu wanaanza kutaja watakachopika wakitoka. Siku ya kutoka wananikumbatia. "Nitakuja kukuangalia, Bi Mize!" Nikijibu inshallah. Mwanzoni nilikuwa nasubiri. Baadaye nikawa nawaambia, nenda mwanangu, usijisumbue.

Ikafika nyakati nilibaki mimi peke yangu. Bweni zima, mfungwa mmoja! Afande anasimama mlangoni kunihesabu. "Moja." Hata yeye alikuwa akiona haya. Nilikuwa nikisema peke yangu, najiuliza na kujijibu, najibishana na marehemu mume wangu juu ya mbuzi tuliyemuuza tukiwa vijana. Yeye alikuwa akinishinda hata huko!

Msimu niliujua kwa pua. Karafuu zikianikwa huko nje, harufu inavuka ukuta bila kuomba ruhusa. Nikiisikia najua watu wanachuma, vijana wako juu ya mikarafuu, wanawake wanachambua wakisengenyana. Nilikuwa nakaa uani nimefumba macho, pua juu, kama mbwa!

Upande wa wanaume kulikuwa na mzee anayeadhini. Sikupata kumwona uso hata siku moja. Maafande walisema ni mtu wa kifungo cha maisha, wala sikuuliza alifanya nini. Nilimjua kwa sauti tu. Nilijua akiwa na mafua, nilijua akiwa na huzuni, nilijua siku aliyopata habari njema maana adhana ilikuwa ndefu na tamu. Halafu asubuhi moja ikaadhini sauti nyengine, ya kijana. Nikangoja adhuhuri, ikawa ileile ya kijana. Nikangoja alasiri... Nilimlilia mtu yule kuliko nilivyomlilia mume wangu. Nani angeamini? Wa kuja kunipa pole sina, kwa sababu hakuna aliyejua kuwa nimefiwa.

Sasa nirudi kwa Riziki na ahadi yake. Mwanzo alimleta Nasra kweli. Mtoto, asiyejua pale ni wapi, akinililia, akinishika kanga, akiniuliza kwa nini sirudi nyumbani. Mara Riziki akawa anakuja peke yake. Akaniambia mtoto akirudi kutoka kwangu halali, anaugua homa, bora tumpumzishe kidogo. Nikaona ni sawa, mtoto asiteseke. Kidogo kile kikawa mwaka. Halafu na Riziki mwenyewe akakatika. Hamad hakuja hata siku moja. Hata siku moja, jamani!

Mama yetu alikufa nikiwa humo, kwa Riziki huko Wete. Afande alinikalisha chini akaniambia kwa upole, akaniuliza kama nataka waniombee ruhusa ya kwenda maziko. Nikamuuliza nitakwendaje. Akasema kwa gari ya jela, na askari. Nikamwona Nasra ananiona nashuka kwenye gari ile mbele ya watu wa matanga wote... Nikasema siendi. Nikakaa na msiba wangu uani, na kuku wa maafande.

Baada ya msiba huo, ndipo akaletwa Salama. Mwanamke wa Kojani, mkubwa wa sauti, aliyeolewa Wete. Alimpasua mke mwenzake kichwa kwa mbuzi ya kukunia nazi, akapewa miezi minne. Aliingia bwenini akacheka.

"Shikamoo bi mkubwa. Nani jina lako?"

"Marahaba. Mize. Dada yake Riziki, mama Hamad, wa Wete."

Akanitazama juu mpaka chini. "Mama Hamad ndiye jirani yangu! Na dada yake yuko Maskati."

"Yuko wapi?"

"Maskati, kwa Waarabu. Mwaka wa ngapi huu!"

"Basi Maskati ndiyo hii. Karibu, tandika mkeka."

Alidhani natania. Alipoona sicheki, alikaa chini kama aliyekatwa miguu. "Yarabi! Nisamehe, Bi Mize, mie mwenyewe nimekusema! Tulikusema mtaa mzima! Kwamba umekwenda kula nyama za Waarabu, mjukuu wako hata kanga hujampelekea, mama yako kafa hata maziko hukuja. Mama Hamad akasema tiketi imekosekana."

Nikamuuliza habari za Nasra.

"Mzuri, ana adabu. Alipokuwa mdogo, ndege ikipita alikuwa akitoka uani mbio, anapunga mkono, anaita, 'Bibi! Bibi! Nipo hapa!' Sisi tulikuwa tukimcheka."

"Na sasa?"

Salama akainamisha kichwa. "Sasa haiti tena."

Wasomaji wangu, jaji aliponipa miaka kumi na tano sikuanguka. Maneno hayo matatu yaliniangusha! Niliumwa siku nyingi. Kumbe jela nimefungwa mara mbili. Mwili huku, na huko Wete nimefungwa tena moyoni mwa mtoto, nimeitwa bibi asiye na imani, anayekula raha asijali damu yake!

Nilimwomba afande ampigie Riziki simu. Alikuja, amenenepa, kajipaka hina. Nikamuuliza kwa nini.

"Ulitaka nimwambie nini, dada? Kwamba bibi yake anauza unga? Angeolewa na nani?"

"Mimi nauza unga, Riziki? Mimi?"

Alitazama sakafu. Akasema Hamad sasa ana mke na watoto, ana duka, ameacha mambo yale, tusifukue. Akasema tena neno lile. Nimwonee muhali. Nikamwambia aondoke, nikarudi kwenye ukili wangu.

Salama alipotoka sikumsubiri. Lakini yeye ndiye pekee katika wote aliyerudi kuniona. Sikukuu ya Idi alileta pweza wa nazi, akanikalia pale anasema mpaka muda ukaisha. Mke mwenzake ndiye aliyempika pweza huyo. Walikuwa wameshapatana!

Siku yangu ilipofika, afande aliniambia, "Bi Mize, kusanya vyako, umepunguziwa kifungo." Sikuwa na cha kukusanya. Nje mwangaza ulikuwa mkubwa mno, pikipiki zinanipita kama nyuki. Sikwenda Madungu. Nilipanda gari ya Wete, nimevaa buibui la kupewa na maafande.

Mlango ulifunguliwa na msichana mrefu mwenye shingo ya mwanangu Zuwena.

"Shikamoo bi. Unamtaka nani?"

"Namtaka Nasra."

"Ndiye mimi."

Riziki akatoka jikoni, mikono ina maji. Akasimama. Hamad naye alikuwepo, kakaa kitini anachezea simu, tumbo limemtangulia. Riziki akasema, "Ndiye bibi yako huyo. Karudi."

"Kutoka Maskati?" Nasra akauliza. Hakunikimbilia. Alirudi nyuma hatua moja.

"Hapana mwanangu. Kutoka jela."

Kabla sijaongeza neno, Riziki alishanitangulia. Akamwambia mtoto kuwa mimi nilifungwa kwa unga, kwamba wao walificha aibu yangu kwa kumhurumia yeye! Nilimtazama Hamad anitazame. Hakunitazama. Ndipo nilipofungua mdomo wangu, baada ya miaka yote ile. Nikasema begi la nani, lililetwa na nani, nani aliyenipigia magoti kituoni.

Nasra alisikiliza mpaka mwisho. Halafu akauliza neno moja tu.

"Kama si lako, bibi, mbona mahakamani hukusema?"

Jibu lilikuwa wapi? Nimwambie nilimwonea haya mdogo wangu? Nimwambie nililinda jina langu la kuweka amana? Pale mlangoni, mbele ya macho ya mtoto yule, maneno hayo yalikuwa hayana uzito wa unyoya.

Mtoto akaingia ndani. Nikadhani ameniacha. Akatoka na Msahafu ameushika mikono miwili, kajifunika vizuri, akausogeza mbele ya Hamad.

"Mjomba, nenda katie udhu uape. Sema begi halikuwa lako. Ukiapa, huyu bi atoke aende zake."

"Nasra!" Riziki akapiga kelele. "Mwonee muhali mjomba wako!"

"Mimi simwonei," Nasra akajibu. Hivyohivyo, bila kupandisha sauti. Binti wa miaka kumi na saba!

Hamad aliangalia Msahafu ule kama unaoungua. Nyinyi mnajua kwetu kiapo ni kitu gani, mtu anaogopa kiapo cha uwongo kuliko radi. Akainuka, akachukua ufunguo wa pikipiki, akasema ana mtu anamsubiri dukani. Tukasikia pikipiki ikiwaka, ikaenda. Riziki akakaa kizingitini akaanza kulia, na Wallahi, hata siku hiyo mkono wangu ulitaka kwenda begani kwake! Niliuzuia kwa mkono wa pili.

Nasra alinisindikiza hadi barabarani. Alinishikia mfuko wangu, hakunishika mkono. Gari ilipokuja akaniambia, "Bibi, nakuamini. Lakini sikujui. Aliyenilea ni huyu, akikosea na asikosee. Nikiugua nilikuwa namwita yeye."

Nilitaka kumwambia kuwa nilimkata kitovu. Nikaona neno hilo halitamsaidia kitu. Nikapanda gari.

Sasa niko Madungu, katika chumba kimoja kilichobaki cha nyumba yangu, vyengine mvua imeviangusha. Majirani wananiamkia vizuri, habari ya kiapo imeshawafikia. Hakuna anayeniletea amana, wala sitaki. Jioni ni ndefu. Kuna siku najikuta nimeingia ndani na kufunga mlango jua likiwa bado liko juu, bila kuambiwa na mtu.

Nasra huja baadhi ya Ijumaa. Anakaa kwenye mkeka amekunja miguu kama mgeni, tunaulizana hali, tunanyamaza. Ijumaa iliyopita aliingia jikoni mwenyewe kunipikia chai. Akachungulia mlangoni na kijiko mkononi. "Bibi, unatia sukari kiasi gani?"

Mjukuu wangu! Wa damu yangu! Hajui bibi yake anakunywaje chai! Nikamjibu, "Viwili, mwanangu," nikageuza uso asinione.

Jamani wenzangu, hasa nyinyi wanawake wa visiwani, nakuombeni. Mtu akikuleteeni begi lina kufuli, mwambieni alifungue mbele yenu, akikataa, aende nalo, hata awe mtoto uliyemnyonyesha. Na ukiitwa mbele ya jaji, umwone ndugu yako analia kona ile, usitazame kona ile. Tazama aliye nyumbani anayekusubiri wewe. Muhali wangu ulimwokoa mtu mzima mwenye ndevu, ukamtupa mtoto wa miaka sita.

Mimi nilidhani kunyamaza ni utu. Nilidhani nikitoka nitavikuta vyangu pale nilipoviacha. Havikai, jamani, mtoto hakai! Semeni. Semeni mapema, wakati bado yupo anayekujueni.